Mzee wa Rafu Anajibu: Ninunue Talmudi?

Barua za mwezi huu zimegongana kwenye jambo moja, vitabu vya Wayahudi. Nimechagua nne. Zilizohusu siasa za Mashariki ya Kati nimempa mhariri. Mimi ni mkutubi mstaafu, niulizeni vitabu.

Shikamoo Mzee. Mimi ni mwalimu wa shule ya Jumapili hapa Dodoma. Vijana wangu wamenitumia video inayosema Talmudi ni kitabu cha siri cha Wayahudi na kwamba humo wanawatukana mataifa mengine. Nimeamua niinunue nijisomee mwenyewe. Kiingereza ninacho, Kiebrania sina. Ninunue toleo gani?
*Mwalimu, Dodoma*

Marahaba, mwalimu. Usinunue. Weka hela yako mfukoni kwanza tuongee.

Talmudi ya Babeli, ndiyo watu wanayoikusudia wakisema "Talmudi" tu, ina karatasi 2,711, mbele na nyuma. Mwaka 1923 huko Vienna, rabi Meir Shapiro alipendekeza Wayahudi popote walipo wasome karatasi ileile kwa siku ileile, moja kila siku. Wanaofuata utaratibu huo huimaliza kwa miaka saba na nusu hivi, kisha wanarudi mwanzo. Mzunguko wa 14 ulianza Januari 2020. Seti nzima ya kuchapwa itakula rafu yako, na mshahara wako pia.

Tena ukifungua ukurasa wa kwanza utapotea. Hakuna utangulizi, hakuna "Hapo mwanzo". Unakutana na swali: Shema ya jioni (ile ya "Sikia, Ee Israeli", Kumbukumbu la Torati 6) isomwe kuanzia saa ngapi? Jibu: tangu saa makuhani wanapoingia kula sadaka yao. Makuhani gani tena, wakati Hekalu lilibomolewa na Warumi mwaka 70? Kitabu kinachukulia kwamba unajua. Halafu mwisho wa muda: Rabi Eliezer anasema mwisho wa zamu ya kwanza ya usiku, wanazuoni wanasema usiku wa manane, Rabban Gamaliel anasema mpaka alfajiri. Huyu Gamaliel ni mjukuu wa yule Gamalieli aliyemfundisha Paulo, kwa hiyo babu yake unamfahamu. Kisha kinasimuliwa kisa: wanawe walirudi kutoka karamuni usiku mkubwa wakamwambia baba yao hawajaisoma Shema. Akawajibu kwamba kama alfajiri haijapambazuka, bado ni wajibu wao. Mimi hapo hucheka kila mara. Kwenye ukurasa wa kwanza wa kitabu cha sheria, vijana wameshatoka disko.

Ulichosoma hapo ni Mishna, mkusanyo wa sheria za mapokeo uliokamilishwa Galilaya na Rabi Yehuda, aliyeitwa Mkuu, mnamo mwaka 200. Ina mafungu sita na vitabu vidogo 63. Wanazuoni wa Babeli, yaani Iraki ya leo, wakaijadili sentensi kwa sentensi kwa karne tatu na zaidi, na majadiliano hayo ndiyo yanayoijaza Talmudi. Ukurasa wenyewe umekaa kama baraza: maandishi ya kale katikati, ubavuni Rashi wa Troyes, Ufaransa, aliyefariki 1105, akifafanua maneno magumu, na upande wa pili wajukuu zake na wanafunzi wao wakimpinga. Hakuna anayefukuzwa barazani. Hata rai iliyoshindwa inaandikwa pamoja na jina la aliyeitoa. Ndiyo maana mtu akichomoa sentensi moja akasema "Talmudi inasema", muulize mara moja: nani ndani ya Talmudi, na nani alimjibu?

Sasa hiyo siri. Mpangilio huo wa ukurasa ulifanywa wa kudumu na mchapaji Mkristo, Daniel Bomberg, aliyechapa Talmudi nzima Venice kati ya 1520 na 1523 kwa idhini ya Papa Leo wa Kumi. Siri gani hiyo inayouzwa dukani kwa idhini ya Papa? Waliotaka isisomwe ni wengine kabisa. Paris waliichoma moto kwa mikokoteni mwaka 1242, na Roma wakaichoma katika uwanja wa Campo de' Fiori mwaka 1553.

Kuhusu matusi sitakupaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Maneno makali yamo, dhidi ya waabudu sanamu na dhidi ya Warumi, yaliyosemwa na watu walioona mji wao ukiteketezwa. Wayahudi wenyewe wameyahojiana. Rabi Menachem Meiri wa Perpignan, aliyefariki mwanzoni mwa karne ya 14, aliandika kwamba sheria zile ziliwahusu waabudu sanamu wa kale wasiokuwa na dini ya kuwazuia maovu, wala haziwahusu mataifa ya zama zake yanayofuata dini. Video yako haimtaji Meiri. Video hizo huwa hazimtaji.

Basi fanya hivi. Anza na Pirkei Avot, kitabu kidogo ndani ya Mishna ambacho utakimaliza jioni moja. Kinafungua kwa mnyororo wa mapokeo: Musa alimkabidhi Yoshua, Yoshua akawakabidhi wazee, wazee manabii. Mimi niliyelelewa madrasa Tanga, na kuhesabiwa majina ya wapokezi wa hadithi, nilijiona nyumbani. Kisha soma karatasi tano za kwanza za Berakhot, kitabu cha kwanza cha Talmudi, tafsiri ya Kiingereza ya rabi Adin Steinsaltz, ambayo tangu 2017 ipo bure kwenye tovuti ya Sefaria. Simu iliyokuletea video itakuletea na hiyo. Hela uliyookoa nunua kitabu chembamba cha Abraham Joshua Heschel kuhusu Sabato, kilichotoka 1951. Heschel alizaliwa Warsaw, akakimbia Wanazi, na mwaka 1965 aliandamana Selma, Marekani, bega kwa bega na Martin Luther King. Anaandika juu ya siku moja ya wiki, na ukimaliza utaelewa kwa nini watu hawa hubishana namna ile kuhusu saa za jioni.

Salaam aleikum mzee wangu. Uyahudi ni dini au ni damu? Mume wangu anasema mtu huzaliwa Myahudi, hana njia ya kuingia kama tunavyosilimisha sisi. Mimi nasema kila dini ina mlango wake. Tuamue, tunabishana tangu Ijumaa.
*Bi wa Likoni, Mombasa*

Waaleikum salaam, mwanangu. Ushindi ni wako, lakini usimringie, maana na yeye kapata nusu.

Sheria ya marabi tangu Mishna ni kwamba mtoto humfuata mama. Mama Myahudi, mtoto Myahudi, hata asipojua kusoma herufi moja ya sala. Hapo mumeo kapata. Lakini mlango upo, na Talmudi, katika kitabu cha Yevamot, inaeleza namna ya kumpokea anayebisha hodi. Anaulizwa kwanza: umeona nini hata ukaja? Hujui kwamba Israeli siku hizi ni watu wanaoonewa na kusukumwa huku na huku? Akijibu kwamba anajua, na kwamba hata hivyo hajioni kuwa anastahili, anapokewa papo hapo. Anafundishwa amri chache nyepesi na chache nzito, anatahiriwa akiwa mwanamume, na anazamishwa majini. Akitoka majini ni Mwisraeli kwa kila jambo.

Nakupendekezea barua moja, ya Maimonides, mzaliwa wa Córdoba aliyeishi Fustat, Misri, na kufariki 1204. Alikuwa tabibu wa waziri wa Salahuddin, na kitabu chake kikuu cha falsafa alikiandika kwa Kiarabu chenye herufi za Kiebrania. Watu walimwandikia maswali naye akajibu, kama mufti anavyotoa fatwa. Majibu ya namna hiyo ya marabi wa kila karne yamejaza rafu na rafu, na kwangu ndiyo sehemu tamu kuliko zote, kwa sababu ndani yake unakutana na watu wenye shida zao.

Mmojawapo aliitwa Obadiah, mtu aliyeingia Uyahudi. Aliuliza: nikisali pamoja na wenzangu, naruhusiwa kusema "Mungu wetu na Mungu wa baba zetu", wakati baba zangu hawakuwa Wayahudi? Maimonides akamjibu: sema yote, usibadilishe hata neno. Ibrahimu ni baba wa kila anayeifuata njia yake. Na Obadiah alikuwa na kidonda kingine. Alimwambia mwalimu wake kwamba Waislamu hawaabudu sanamu, mwalimu akamwita mpumbavu. Maimonides alisema wazi kwamba Waislamu si waabudu sanamu hata kidogo, na aliyemtukana mtu aliyeacha baba na nchi yake ndiye anayepaswa kuomba msamaha. Msomee mumeo hiyo barua, tena kwa sauti.

Wakati wetu swali limeingia serikalini. Mwaka 1958 waziri mkuu wa Israeli, David Ben-Gurion, akiwa ameshindwana na mawaziri wake kuhusu namna ya kuwaandikisha watoto wa ndoa za mchanganyiko, aliwaandikia wanazuoni wapatao hamsini duniani kuwauliza Myahudi ni nani. Wengi walisimama na sheria ya marabi, si wote. Kisha ikaja kesi ambayo hakuna mtunzi angethubutu kuitunga. Oswald Rufeisen, Myahudi wa Poland aliyeokoa Wayahudi wenzake wakati wa Wanazi, alijificha kwa watawa wa Kikatoliki, akabatizwa, akawa mtawa Mkarmeli, Ndugu Daniel. Akaomba uraia kama Myahudi, kwa kuwa mama yake alikuwa Myahudi. Mwaka 1962 Mahakama ya Juu ya Israeli ilimkatalia: kwa sheria ya marabi bado anahesabika Myahudi, lakini kwa sheria ya nchi, aliyeingia dini nyingine kwa hiari yake hahesabiki. Alipewa uraia baadaye kwa njia ya wageni wengine.

Na wabishanao si nyinyi peke yenu. Marabi wa mrengo wa mageuzi Marekani waliamua 1983 kwamba baba Myahudi naye anatosha, ikiwa mtoto analelewa katika dini. Wayahudi Waorthodoksi, wanaoshikilia sheria ya zamani ya marabi, hawakukubali na hawajakubali mpaka leo.

Kwa majirani zetu Waethiopia, jibu lilitoka kwenye rafu. Katika karne ya 16 rabi David ben Zimra wa Misri aliulizwa kuhusu mwanamke mateka aliyeletwa kutoka Ethiopia: yeye na mwanawe wahesabiwe nani? Akajibu kwamba watu wake ni Wayahudi wa kabila la Dani. Jibu likakaa vitabuni miaka mia nne. Mwaka 1973 Ovadia Yosef, rabi mkuu wa Wasefardi (Wayahudi wenye asili ya Hispania na nchi za Kiarabu) wa Israeli, akalishika hilohilo na kuamua kwamba Beta Israel, ndio hao wa Ethiopia, ni Wayahudi, na 1975 serikali ikawakubali chini ya Sheria ya Kurejea, inayompa Myahudi haki ya kuhamia Israeli. Mei 1991 zaidi ya 14,000 walisafirishwa kwa ndege kutoka Addis Ababa ndani ya saa 36. Hawa hawakuwa na Talmudi kabisa. Walikuwa na Orit, Torati yao kwa Kigeezi, na viongozi wao. Hata hivyo marabi wengine waliendelea kuwatilia shaka na kuwataka wazamishwe majini kwa tahadhari, jambo lililowauma sana, wakaandamana Yerusalemu mwaka 1985. Katika hilo mimi nipo upande wa waandamanaji. Mtu aliyeshika Sabato milimani Gondar, vizazi na vizazi, kumtaka azamishwe si kumpokea, ni kumtilia shaka mama yake.

Mzee, hapa Busia tunasikia kuna Wayahudi Mbale. Ni kweli au ni hadithi za mpakani?
*Kijana wa mpakani*

Ni kweli. Wanaitwa Abayudaya. Jemadari Semei Kakungulu, aliyewatumikia Waingereza kisha akakosana nao, alisoma Biblia akaona amri za Musa hazijafutwa. Mwaka 1919 alijitahiri yeye na wanawe. Hakudai damu ya kabila lolote la Israeli. Alianza na kitabu. Idi Amin aliwapiga marufuku, wakasali kwa kificho. Mwaka 2002 mamia yao walipokewa rasmi na marabi wa mrengo wa Conservative (ulio kati ya Waorthodoksi na wanamageuzi), na Gershom Sizomu, aliyesomea urabi Los Angeles na kuhitimu 2008, akawa rabi wao na baadaye mbunge. Panda matatu ukaone. Vaa kwa heshima, usiende Jumamosi na kamera.

Kwetu karatasi yenye jina la Mwenyezi Mungu haitupwi. Wayahudi nao hufanyaje na vitabu vilivyochakaa?
*Hafidh, Tanga*

Wa kwetu huyu. Huvihifadhi mahali maalumu paitwapo geniza, kisha huvizika makaburini. Katika sinagogi la Ben Ezra, Fustat (Kairo ya kale), mazishi yalisahauliwa, na chumba kikajaa makaratasi ya karne na karne. Mwaka 1896 Agnes Lewis na Margaret Gibson, mapacha wasomi waliokuwa wakiishi Cambridge, walirudi Uingereza na makaratasi waliyoyanunua safarini. Solomon Schechter, msomi wa Kiyahudi wa Cambridge, akaitambua moja kuwa Kiebrania cha kitabu cha Yoshua bin Sira, akafunga safari hadi Kairo, na vipande karibu 193,000 vikaishia maktaba ya Cambridge.

Humo wamekuta rasimu za Maimonides kwa mkono wake mwenyewe, zenye makosa aliyoyakata. Na wewe mtu wa pwani utazipenda zile barua za wafanyabiashara wa Aden na Malabari, pwani ya India: pilipili, chuma, meli zilizozama, mtu kumlalamikia mshirika wake kwamba mzigo umefika pungufu. Waliziandika kwa Kiarabu, herufi za Kiebrania, wakisubiri pepo za msimu kama babu zako. Cambridge wameweka picha zake mtandaoni, hazilipiwi.