Kabla hujamwonyesha mama kile kipindi cha John Oliver

Mama mdogo alikuwa anatuma pesa kwa mhubiri mmoja wa redioni, "kupanda mbegu", yaani unatoa ukitarajia Mungu akurudishie maradufu. Nikajiona mjanja, nikamwekea kwenye simu kipindi cha Last Week Tonight cha mchekeshaji John Oliver, cha Agosti 2015, kile kinachowachambua wahubiri wa televisheni wa Marekani, huku namtafsiria. Dakika ya pili akauliza, "Kwa hiyo huyu mzungu anamcheka Mungu?" Akainuka kwenda kutazama maharage ambayo hata kuchemka yalikuwa hayajaanza.

Nimekirudia peke yangu. Utani wake ni mkali, ila kilichoninasa ni subira. Oliver alimtumia Robert Tilton, mmoja wa wahubiri hao, dola 20, akaomba aingizwe tu kwenye orodha ya wanaopata barua. Zikaanza kumiminika: moja ina noti ya dola ndani, airudishe pamoja na sadaka, nyingine ina vipakiti vya mafuta, nyingine karatasi ya kuchorea unyayo wake. Miezi saba, barua 26, dola 319 zimemtoka. Ndipo akafungua kanisa lake, halali kisheria, kuonyesha jinsi sheria ya kodi ya Marekani ilivyo legevu kwa makanisa. Watu wakamtumia pesa, na wengine mbegu kabisa, za kupanda shambani! Mwezi uliofuata akalifunga, pesa zikaenda kwa shirika la misaada la Madaktari Wasio na Mipaka.

Basi mara ya pili nilikwenda na daftari. "Mama, wewe endelea kutoa, tuandike tu." Akawa anasoma meseji za miamala, mimi naandika tarehe, kiasi, na alichoahidiwa. Mstari wa nne: elfu kumi na tano, mafuta ya upako. Hayajafika mpaka leo. Wa tano: elfu ishirini, ya kuyaombea yale yale mafuta. Akavua miwani, akaifuta kwa khanga, akasoma tena.

Ukifika hapo nyamaza. Usijumlishe wewe, mpe kalamu. Jina la mhubiri usilitaje kabisa, maana ukimgusa yeye mama atamtetea. Na kama video lazima, ruka utani wa mwanzo, nenda moja kwa moja kwenye barua.

Sadaka bado anatoa, ila kanisani kwao mtaani, ambako mtunza hazina anamjua tangu mtoto. Daftari kabaki nalo. Juzi nimelifungua nikakuta ukurasa wenye jina langu: elfu saba, nauli, toka Pasaka.