Mtoto anatapika kila akinyonya: mbona dripu siku mbili kabla ya operesheni?

Swali: Daktari, habari. Mimi ni baba wa mtoto wa kiume wa wiki tano, kifungua mimba wetu. Tunaishi Kayole. Alipofika wiki ya tatu alianza kutapika maziwa, tukadhani anacheua tu. Kwenye kemisti tukauziwa dawa ya gesi, haikusaidia. Sasa maziwa yanaruka kwa nguvu hadi kwenye pazia, na akimaliza kutapika anataka kunyonya tena. Alikuwa amefikisha kilo 4, leo ana 3.5. Ultrasaundi imesema misuli ya mlango wa tumbo imenenepa milimita 5, urefu 19, na tukaambiwa atapasuliwa. Lakini hii ni siku ya pili yuko kwenye dripu tu, hapewi hata tone la maziwa, na kila mara wanamtoa damu. Mzazi mwenzetu wodini anasema wanangoja pesa. Kama ugonjwa umejulikana, kwa nini wasimpasue leo?

Jibu: Baba, poleni sana, wewe na mama mtoto. Najua kilio cha mtoto mwenye njaa kinavyokata maini. Lakini dripu hiyo ni nusu ya kwanza ya tiba, na kwa maoni yangu ndiyo nusu inayookoa maisha. Kwa ugonjwa huu, daktari anayekimbilia kisu ndiye wa kuogopwa.

Maziwa hutoka tumboni kuingia utumbo mdogo kupitia mlango mwembamba uitwao pailorasi, uliozungukwa na misuli. Misuli hiyo ikifika unene wa milimita 3 au zaidi, na njia yenyewe ikirefuka kupita milimita 15 hivi, tunasema ni pailoriki stenosisi. Vipimo vya mwanao havina ubishi. Huanza kati ya wiki ya pili na ya nane, huwapata wavulana kama mara nne kuliko wasichana, na vifungua mimba zaidi. Mama asijilaumu hata kidogo, si maziwa yake.

Sasa, kwa nini dripu? Maji ya tumboni yana asidi, yaani haidrojeni na kloridi. Kila anapotapika anazimwaga zote mbili. Majimaji ya utumbo mdogo yana alkali, ambayo ingetoka pamoja na asidi na kusawazisha mambo, lakini mlango umebana, kwa hiyo haipandi. Ndiyo maana matapishi yake ni meupe, hayana rangi ya nyongo. Asidi inatoka, alkali inabaki, na damu inalemewa na alkali. Figo zingeweza kuitoa kwa mkojo, ila zinahitaji kloridi ili zifanye kazi hiyo, na kloridi imekwisha. Tena mtoto amekaukiwa maji, basi figo zinang'ang'ania sodiamu na kuachilia potasiamu, na potasiamu ikipungua zinaanza kuachilia hata asidi iliyobaki. Mtoto anakojoa mkojo wenye asidi ilhali damu yake imejaa alkali. Hali hiyo hairekebishwi na kisu. Ukipasua misuli leo, damu itabaki vilevile kesho.

Hatari yenyewe iko kwenye kupumua. Ubongo husukumwa kupumua pale damu inapoelekea asidi. Damu yenye alkali nyingi humfanya mtoto apumue kidogo kidogo, na ukiongeza dawa za usingizi juu yake, anaweza kuacha kupumua kabisa. Nimeliona hili. Nilipokuwa bado mwanafunzi wa upasuaji, katika hospitali moja, tulimharakisha mtoto hadi thieta kabla damu yake haijatengemaa. Operesheni ilikwenda vizuri. Nusu saa baadaye, akiwa amelala kwa utulivu, midomo ikageuka bluu. Tulimpumulisha kwa mfuko usiku mzima, tukipokezana. Alipona, lakini tangu siku hiyo simpeleki mtoto thieta kabla sijaona majibu ya maabara mwenyewe.

Dripu inayotumika ni ya maji ya chumvi ya asilimia 0.9, kwa sababu ndiyo yenye kloridi. Aliyekaukiwa sana huanzishiwa mililita 20 kwa kila kilo, kisha hubadilishiwa yenye chumvi pamoja na glukosi ili sukari isishuke. Potasiamu huongezwa mtoto akishakojoa, maana figo zisipotoa mkojo itarundikana, na potasiamu nyingi husimamisha moyo. Kwa hiyo ukimwona nesi anaweka pampasi kwenye mizani, anapima mkojo. Usiitupe kabla hajaipima.

Waulize madaktari wako swali moja: kloridi imefika ngapi? Wengi wetu tunataka ifike 100 hivi, bikaboneti, yaani ile alkali, ishuke chini ya 30, na potasiamu iwe angalau 3.5. Kwa kawaida huchukua siku moja au mbili, na kwa mtoto aliyepungua nusu kilo kama wako, hata tatu. Hivyo kwa jinsi ulivyonieleza, siku mbili ni za kitabibu. Habari ya malipo na SHA, bima ya afya ya serikali, iulize ofisini kwao leo, mapema, ili isije ikawa kizuizi siku damu itakapokuwa tayari.

Operesheni yenyewe ni fupi, mara nyingi haifiki saa moja. Misuli ile huwa kinundu kigumu, cheupe. Vitabu hukifananisha na zaituni, lakini mimi huwaambia wanafunzi wangu wawaze zambarau bichi. Daktari huchanja misuli kwa urefu, kisha huipanua polepole mpaka utando wa ndani uchomoze, bila kuutoboa. Haishonwi tena. Mjerumani Conrad Ramstedt ndiye aliyeonyesha, mwaka 1912, kwamba misuli ikiachwa wazi mtoto anapona vizuri, na hadi leo tunafuata njia yake. Likitokea tundu kwenye utando, huzibwa palepale na mtoto hucheleweshwa kunyonya. Kuna dawa iitwayo atropini inayoweza kulegeza misuli, ila inataka siku nyingi na haifaulu kwa kila mtoto. Mimi ningechagua kisu.

Akitoka thieta ataangaliwa kupumua usiku kucha. Saa chache baadaye ataanza kunyonya. Pengine atatapika mara moja mbili siku ya kwanza, msishtuke, tumbo bado limevimba ndani. Wengi huenda nyumbani baada ya siku moja au mbili, na ugonjwa huu hurudi kwa nadra mno. Hatahitaji chakula maalumu. Mkijaaliwa mtoto mwingine, mwambieni daktari mapema, kwa kuwa hufuata ukoo, na msimnunulie mtoto mchanga antibiotiki iitwayo erithromaisini kwenye kemisti bila daktari, maana imeonekana kuongeza hatari hii akipewa wiki za mwanzo.

Akitapika kijani wakati wowote, mwite daktari saa hiyohiyo, hata kama ni usiku wa manane. Kijani ni nyongo, na inaweza kuwa utumbo umejisokota. Hiyo haingoji dripu ya siku mbili.

Na mama aendelee kukamua maziwa kila baada ya saa tatu hata sasa mtoto hanyonyi, yasije yakakauka. Yatahitajika usiku uleule wa operesheni.