Maswali yenu kuhusu Toto Cutugno, yule Mtaliano wa "Lasciatemi cantare"

Huyu jamaa alikuwa mwimbaji au mtunzi? Mimi namjua kwa wimbo mmoja tu.

Vyote, ila kwangu mimi ni mtunzi kwanza. Jina lake halisi ni Salvatore, kazaliwa Fosdinovo kule Toscana mwaka 1943, akakulia La Spezia, baba yake alikuwa anapuliza tarumbeta na yeye akaanzia kwenye ngoma. Halafu sasa uangalie walioimba vitu vyake: Joe Dassin, Dalida, Johnny Hallyday, Michel Sardou, hao wote ni wa soko la Ufaransa, na kwao Italia Adriano Celentano alipiga hiti na "Soli" mwaka 1979. Kuna watu wamecheza nyimbo zake miaka na miaka bila hata kulijua jina lake.

Nimesikia eti aliwahi kutunga wimbo unaitwa Africa, kweli?

Kweli kabisa, na hii ndo stori yake ninayoipenda kuliko zote. Mwaka 1975 alikuwa na bendi inaitwa Albatros, wakatoa "Africa", basi Joe Dassin akaichukua ile melodi akawekewa mashairi mapya ya Kifaransa, Afrika ikatupwa nje ikaingia habari ya mapenzi na msimu wa majani kupukutika huko Marekani, jamaa anaongea tu kwa sauti nzito halafu anaingia kwenye kiitikio, ikawa "L'Été indien". Ikalipuka. Kwa hiyo ukiisikia redioni ujue chini yake kuna Afrika imefichwa, ingawa ni Afrika ya kwenye ndoto za Wazungu lakini haya.

"L'italiano", ule wimbo wenye kiitikio cha "Lasciatemi cantare", ilishinda Sanremo, lile tamasha la mashindano ya nyimbo la Italia?

Haikushinda! Mwaka 1983 ilishika nafasi ya 5. Na mwanzoni alimpelekea Celentano aiimbe, Celentano akakataa, ndo mwenyewe akaingia nayo. Mashairi ni ya Cristiano Minellono. Leo ukiuliza watu nani alishinda mwaka ule wengi watakodoa macho tu, ila kiitikio hiki hata asiyejua Kitaliano anakiimba.

Mbona wanamwita wa pili wa milele?

Kwa sababu Sanremo alishinda mara moja tu, 1980 na "Solo noi", halafu akawa wa pili mara 6: 1984, 1987, 1988, 1989, 1990 na 2005. Yani miaka minne mfululizo bana! Mimi huo utani siupendi sana, maana 1987 hiyohiyo nyimbo alizowatungia Fausto Leali na Ricchi e Poveri nazo zilikuwa mashindanoni, sasa mtu anayeshindana na kazi za mkono wake mwenyewe utamcheka nini.

Na Eurovision, yale mashindano ya nyimbo ya nchi za Ulaya, je?

Ile ya 1990 Zagreb alibeba, akiwa na miaka 46, na "Insieme: 1992" aliyoitunga mwenyewe, inahusu Ulaya kuungana. Mwaka uliofuata akawa mtangazaji wa mashindano hayo Roma pamoja na mwimbaji mwenzake Mtaliano Gigliola Cinquetti. Italia ikakaa bila ushindi mpaka bendi yao ya Måneskin ilipokuja 2021.

Bado yuko hai?

Hapana, alifariki Milano Agosti 2023, miaka 80. Ukitaka kuanza kumsikiliza anza na "Africa" kisha uweke ya Dassin hapohapo.