Kesi Ni Yako, Wakili Ni Msaidizi

Juzi msomaji mmoja ameniandikia: kesi yake ya shamba imetupiliwa mbali na Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Kenya kabla hata ya shahidi mmoja kusikizwa. "Wakili alikuwa akiniambia tungoje tarehe," anasema. Damu ilinichemka. Hayo ya kungoja tarehe nayajua.

Yangu ilikuwa ya mpaka. Jirani alisogeza ua, nikamshtaki, nikamlipa wakili, kisha kimya. Nikipiga simu, yuko kortini. Nikifika ofisini, ametoka sasa hivi. Nikaanza kupita masijala mwenyewe kumuuliza karani faili liko wapi, na kila ujumbe niliomtumia wakili nikauhifadhi. Shemeji zangu wakanicheka, ati nimegeuka tarishi wa korti.

Ilani kwamba kesi yangu yaweza kutupwa ilipotokea kwenye orodha ya kesi za korti, niliyeiona ni mimi. Agizo la 17 la Kanuni za Kesi za Madai za 2010 liko wazi: kesi ikikaa mwaka mmoja bila hatua yoyote, mahakama yaweza kukutaka ueleze kwa nini isitupwe. Tangu marekebisho ya 2020, ikikaa miaka 2 inahesabika imetupwa tayari. Na usingoje kubishiwa hodi. Majaji wamewahi kukubali kwamba tangazo kwenye tovuti ya Idara ya Mahakama latosha.

Nikawasilisha ilani ya kujiwakilisha, yaani kwamba sasa najisimamia bila wakili, na hati ya kiapo yenye jumbe zote. Wakili wa jirani akanguruma kuhusu Kifungu cha 159 cha Katiba, kwamba haki isicheleweshwe. (Kifungu hicho hicho kinakataza haki kunyongwa kwa sababu ya taratibu tu, ila hilo hakulisoma.) Jaji aliuliza yale yanayoulizwa tangu kesi ya Ivita dhidi ya Kyumbu, ambayo majaji huitumia kupima kesi zilizokawia: kuchelewa kumepita kiasi? Kuna sababu? Haki bado yaweza kutendeka? Zile jumbe zikanijibia. Tukapangiwa siku ya kusikizwa. Waliocheka walikuja kunipongeza, nami sijawasahau.

Basi ndugu yangu, acha kulia. Agizo la 17 linakuruhusu kuomba kesi irejeshwe, lakini nenda mapema, maana kila wiki unayokawia utaulizwa. Usiende na wimbo wa "wakili alinyamaza" peke yake, majaji wameuchoka. Watataka kujua wewe ulimfuatilia lini, na wapi pameandikwa. Fuatilia kesi yako! Na ukienda masijala, beba nambari ya kesi. Bila hiyo karani hatakusikiliza.