Kwa fowadi anayeanza hoki: toka uwanja wa shule hadi nyasi bandia

Vijana wanaoanza hoki hapa Kisumu huniuliza swali moja kwa namna nyingi: mchezo huu unaweza kunilisha? Wengi wametoka juzi tu katika shule zenye jina kubwa kwenye magongo, kama Friends School Kamusinga, Musingu, St. Anthony's ya Kitale, na Tigoi kwa upande wa wasichana. Wamezoea kushangiliwa na shule nzima. Nawajibu kama fowadi wa zamani, maana kushambulia ndiyo kazi ninayoijua, na kama mtu anayewanoa wadogo zake sasa. Humu nchini, hoki yenyewe ni nadra kukulipa mshahara wa kutegemea. Inachofanya ni kukufungulia milango: karo ya chuo, ajira katika idara yenye timu, safari ambazo usingezipata kwingine. Na milango hiyo hufunguliwa zaidi na kazi ambazo fowadi mpya huzidharau kuliko mabao yake.

Tuanze na uwanja, kwa sababu hapo ndipo wengi wa kutoka huku hukwama. Tumelelewa kwenye nyasi za shule, zenye mashimo na vichuguu. Mpira unarukaruka, kwa hiyo mwili umejifunza kuukandamiza kwanza, uutulize kabisa, kisha ndio uinue kichwa kutafuta mwenzako. Nenda na tabia hiyo City Park, Nairobi, uwanja uliotumika kwa Michezo ya Afrika ya 1987, uone. Juu ya nyasi bandia mpira hauruki, unateleza, tena kwa kasi. Wewe ukiwa bado umeinamia, beki amefika na kuuchukua. Nimeona vijana wenye vipaji vya kweli wakirudishwa nyumbani baada ya majaribio kwa sababu hiyo moja, na wanarudi wakidhani kocha alikuwa na watu wake.

Kocha wa klabu hakuangalii shuti kwanza. Anaangalia mguso wa kwanza. Na hilo unaweza kulifanyia kazi bila kuwa na nyasi bandia. Tafuta sakafu ya saruji iliyo laini na ukuta: varanda ya ukumbi wa kanisa, uwanja wa mpira wa kikapu jioni watu wakishaondoka. Tumia gongo kuukuu, kwa sababu saruji hulila. Sukuma mpira ukutani, na unaporudi usiusimamishe. Mkono wa kushoto uko juu ya gongo na umeshika imara, wa kulia uko chini na umelegea kidogo ili gongo lipokee badala ya kugonga. Laza gongo kuelekea mbele kiasi kidogo, juu ya mpira, usije ukapanda ukakupiga. Uupokee mbele ya mguu wa kulia, kifua kikiwa tayari kimegeuka nusu kuelekea lango unalolishambulia, na mguso wenyewe uwe ndio hatua yako ya kwanza ya kukimbia. Kabla mpira haujafika, tupa jicho begani. Wengi husahau hilo jicho la begani, na ndilo linalomtenganisha fowadi wa shule na fowadi wa ligi.

Ukishaupokea, kumbuka kwamba gongo lina upande mmoja tu wa bapa, na hakuna gongo la mtu wa mashoto. Sote tunashika vilevile. Maana yake beki anayekukabili ana upande dhaifu, nao ni wa kushoto kwake. Mpitie huko, yaani upande wako wa kulia, alazimike kugeuza gongo. Ukiingia naye hadi ndani ya D, yaani eneo la umbo la nusu duara mbele ya lango, akiwa amebanwa hivyo, mara nyingi mpira humgusa mguu, na hiyo ni kona ya penalti, mpira wa adhabu unaoanzishwa kwenye mstari wa mwisho. Hata kama hujafunga, umeifanyia timu kazi kubwa.

Bao halihesabiwi mpaka mshambuliaji awe ameugusa mpira ndani ya D, ambayo nusu kipenyo chake ni mita 14.63. Kwa sababu hiyo, na kwa kuwa sheria ya kuotea iliondolewa miaka ya 1990, mafowadi wengi wapya huenda kusimama karibu na kipa na kungoja kuletewa. Hawaletewi. Beki anayekuona umesimama hana shida na wewe. Toka kwenye D, mvute beki akufuate, halafu rudi kwa kasi wakati mwenzako anainua gongo kupiga. Mmoja akimbilie mlingoti wa karibu, mwingine wa mbali, gongo likiwa chini kabisa. Mabao mengi ya ngazi ya juu si mashuti ya kutikisa wavu. Ni mguso mdogo wa kubadilisha njia ya mpira uliopigwa na mtu mwingine. Zoea kupiga magoti na kuchafuka.

Ukinyang'anywa mpira, kazi yako ndiyo imeanza. Fowadi ndiye beki wa kwanza. Usimkimbilie mwenye mpira kichwakichwa kama unayemfukuza kuku. Mwendee kwa mkato, gongo chini, ukimfungia njia ya katikati ili alazimike kupitia pembeni ambako wenzako wanamsubiri. Mtazamaji hashangilii kitu hicho. Kocha huandika.

Sasa nije kwenye jambo ninalolisisitiza kuliko yote kwa vijana wangu, nalo ni kona ya penalti. Wote wanataka kuwa mpigaji. Wachache sana wanataka kuwa msukumaji, yule anayesimama kwenye mstari wa mwisho, angalau mguu mmoja nje ya uwanja, na kuutoa mpira, uliowekwa mita kumi kutoka mlingoti wa lango, hadi nje ya D. Mpira ukichelewa, mabeki wanne na kipa wanakuwa wamewafikia. Ukirukaruka, msimamishaji, yule anayeutuliza kwa ajili ya mpigaji, anaukosa. Kona nzima inakufa mikononi mwa msukumaji mbaya. Kazi hii haihitaji mbio wala kimo. Inahitaji kushuka chini, kuukokota mpira kwa gongo badala ya kuupiga, na kuurudia huohuo kila siku mpaka ufikie gongo la mwenzako bila yeye kulisogeza. Klabu nyingi huwa na mafowadi kumi wanaotaka kufunga na msukumaji mmoja tu, na akiumia wanahangaika. Kuwa wa pili wake. Utasafiri na timu mapema kuliko aliyekuzidi kwa chenga.

Anayetilia shaka thamani ya kona amtazame Harmanpreet Singh, aliyeiongoza India kama nahodha mwaka 2024. Yeye ni beki. Katika Olimpiki ya Paris 2024 alifunga mabao 10, mengi kwa kona na penalti, akawa mfungaji bora na India ikachukua shaba. Mwaka huohuo, ligi ya India iliporejea, alinunuliwa kwa rupia laki 78, bei iliyomshinda kila fowadi kwenye mnada.

Kuhusu benchi. Mechi ina robo nne za dakika 15, na kubadilisha wachezaji hakuna kikomo. Fowadi hutolewa na kurudishwa mara nyingi, kwa sababu anatakiwa akimbie kwa nguvu zote akiwa ndani. Vijana hununa wakitolewa baada ya dakika chache, wakadhani wameharibu. Katika hoki ya barafu mambo ni makali zaidi: fowadi wa kulipwa huingia kwa kiasi cha sekunde 45 tu, akatoka kuhema, akarudi tena. Ukikaa benchi, tazama beki wako anachoka upande gani. Ukirudi ndani uwe na jambo la kufanya.

Mdomo pia ni sehemu ya mchezo. Kadi ya kijani inakutoa dakika mbili, ya njano dakika tano au zaidi, na timu inabaki pungufu. Fowadi hupigwa magongo ya miguu siku nzima, najua. Nyamaza, piga mpira huru upesi kabla hawajajipanga. Na kabla ya kununua gongo la pili la bei, nunua kinga ya meno na vikinga ugoko. Meno hayaoti tena.

Tuzungumze pesa bila kufichana. Kenya ilishika nafasi ya sita Olimpiki ya Tokyo 1964 na ya nne katika Kombe la Dunia la kwanza, Barcelona 1971. Hiyo ilikuwa enzi ya ridhaa. Watu walicheza wakiwa na kazi zao. Tangu Seoul 1988 hatujarudi Olimpiki kwa hoki. Kwa hiyo usipange maisha yako juu ya timu ya taifa pekee. Tazama mahali mlango ulipo. Vyuo kama Strathmore na USIU vina timu imara, na vyuo vya aina hiyo huangalia alama zako za mtihani pamoja na gongo lako, basi usiache vitabu kidato cha nne kwa sababu ya michezo ya muhula wa kwanza. Polisi wana timu. Huku kwetu kuna Sikh Union na akina dada wa Lakers hapa Kisumu, kuna Western Jaguars na Butali Warriors kwa upande wa Kakamega. Cheza huku kwanza, uonekane wakija wageni.

Klabu ikikuita, uliza maswali kabla ya kushangilia. Nani analipa nauli ya kwenda Nairobi na kurudi? Mkilala huko, mnalala wapi? Ukivunjika kidole, gharama za hospitali ni za nani? Kama wanaahidi karo, ni ya muhula mmoja au mpaka umalize, na imeandikwa wapi? Kuuliza si utovu wa adabu. Mpeleke mzazi au mwalimu wako wa michezo asikie pia. Ahadi za mdomo nimeziona zikiyeyuka kocha aliyezitoa anapohama. Tafuta pasipoti mapema, maana majina ya wasafiri hutakiwa haraka na asiye na karatasi huachwa hata akiwa bora.

Siku ya majaribio fika mapema, upashe mwili moto kabla hujaambiwa. Vaa raba za nyasi bandia au hata raba za kawaida zenye kushika, si njumu za mpira wa miguu. Kocha akikuuliza unacheza upande gani mbele, usimwambie popote. Mwambie kulia, kati au kushoto, kisha umwambie unaweza kusukuma kona, na uombe mpira umwonyeshe.