Wewe unayeanza kubuni mwanga wa angani

Karibu kila anayeanza kubuni dunia yake ya hadithi hufika mahali akatamani kuweka kitu cha ajabu angani. Mimi niliweka utepe wa zambarau uliotokea kila msimu wa mavuno, ukawatia watu hofu, kisha ukapotea. Nilidhani nimepata fumbo. Msomaji wangu wa kwanza akaniuliza swali moja tu: "Saa sita usiku unakuwa upande gani?" Sikuwa na jibu. Hata wavuvi wa hadithi yangu, watu wanaoishi kwa kutazama anga, hawakuwa nalo. Nikaelewa kuwa nilichotundika kule juu ni pambo.

Tangu siku hiyo nimeshika jambo moja, nami nataka ulishike mapema: mtunzi ajue chanzo cha mwanga wake hata kama hatakitaja popote. Fumbo ni la wakazi wa ile dunia. Ukiwa hujui nawe, mwanga utawaka pale hadithi inapouhitaji na kuzimika unapoanza kukusumbua, na msomaji atalinusa hilo haraka.

Anza na msimu. Kwa nini uje miezi ile na si mingine? Anga yetu hii ya kweli ina majibu mengi kuliko unavyodhani. Chukua mwanga wa zodiaki. Huo ni vumbi lililotanda kando ya njia za sayari, likimulikwa na jua. Vumbi lipo mwaka mzima. Kinachobadilika ni pembe tunayolitazamia. Ukiwa mbali na ikweta upande wa kaskazini, njia ya jua hupanda kwa mwinuko mkali jioni za Februari na Machi, na tena kabla ya mapambazuko mwezi Septemba na Oktoba. Miezi mingine njia hiyo hulala, mwanga ukamezwa na ukungu wa chini. Lakini karibu na ikweta husimama vizuri mwaka mzima, kwa hiyo mwanga huohuo hauna msimu kabisa. Hebu fikiria mataifa mawili ya dunia moja: moja husubiri mwanga miezi kadhaa na kuhesabu mwaka kwa huo, jingine huuona kila usiku mkavu usio na mwezi na wala halijaupa jina. Siku mabaharia wao wakikutana bandarini, una hadithi.

Mwanga huohuo, unapoonekana mashariki kabla ya mapambazuko, ndio unaoitwa alfajiri ya uongo. Weupe wake husimama kama mnara, tofauti na alfajiri ya kweli inayotanda kwa upana kwenye upeo wa macho. Mwanaastronomia Cassini aliuchunguza mwaka 1683, lakini karne nyingi kabla yake watu walishajua umbo lake na namna ya kuutenganisha na mapambazuko, kwa sababu saa za swala na saumu zilihitaji ujuzi huo. Nakuomba ulitazame hilo kwa makini. Wakazi wa dunia yako wanaweza wasijue chanzo hata kidogo, ila watajua umbo, upande, saa na dalili, kwa kiasi kinacholingana na jinsi maisha yao yanavyoutegemea mwanga huo. Hata jina litatoka huko. Kilimia, lile kundi dogo la nyota, kimeitwa hivyo kwa sababu ya kulima, na wahenga wakakiwekea kalenda nzima katika maneno machache: kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua.

Mwanga pia unaweza kuwa na msimu kwa sababu hewa ya juu imebadilika. Kuna mawingu membamba ya barafu yanayong'aa usiku kwa rangi ya fedha iliyochanganyika na buluu, kilomita 80 hivi kwenda juu. Huonekana kiangazi katika nchi zilizo mbali na ikweta, na ajabu yake ni kwamba tabaka lile la hewa hupoa kupita kiasi wakati huku chini ni joto. Jua limeshatua kwa mtazamaji, ila miale yake bado inayafikia yale mawingu. Taarifa zake za kwanza ni za mwaka 1885, miaka miwili baada ya volkano ya Krakatau, Indonesia, kulipuka, na watu wakayahusisha na majivu ya volkano. Majivu yakatua, mawingu yakaendelea kuja. Kosa la namna hiyo ndilo ninalolipenda katika dunia ya kubuni: maelezo yasiyo sahihi yaliyotokana na macho mazuri na akili timamu. Usiwafanye wakazi wako wajinga ili fumbo lidumu.

Kuhusu rangi, nenda polepole. Katika aurora, ile mianga ya rangi ya anga za karibu na ncha za dunia, kijani hutoka kwenye oksijeni iliyo kilomita 100 hadi 150 juu, na wekundu hutoka kwenye oksijeni hiyohiyo ikiwa juu zaidi, kupita kilomita 200, ambako hewa ni haba. Kwa hiyo rangi ina ghorofa zake. Tena jicho la mwanadamu halitambui rangi vizuri gizani. Aurora hafifu ambayo kamera inaipiga kijani kibichi, mtu aliyesimama nje huiona kama wingu la kijivu. Na akitoka kwenye taa, macho yake yanahitaji dakika 20 hadi 30 kuzoea giza.

Nilipojua hayo nilirudi kwenye sentensi yangu ya zamani: "Anga ikawaka zambarau, kila mtu akapiga kelele." Niliifuta. Sasa inasomeka hivi: "Alifunika kandili kwa kitambaa akangoja. Baadaye akauona, weupe kama moshi nyuma ya kisiwa, nao haukusogea upepo ulipovuma." Moshi usiofuata upepo unatisha kuliko zambarau yoyote niliyowahi kuandika.

Jingine ambalo wageni wa kazi hii hulisahau ni mwezi. Mwanga hafifu hufunikwa na mbalamwezi, kwa hiyo msimu wako utakuwa na mapengo, na kwenye mapengo hayo ndimo watu hubishana kama umekwisha au bado. Nimepata sura mbili nzima kutoka kwenye pengo moja.

Mwanga wa wavuvi wangu sasa ni wa vumbi. Huja jioni, husimama magharibi, na hufuata jua chini. Saa tatu usiku umeshazama. Saa sita hakuna kitu upande ule, na kila mtoto wa pwani ile anajua.