Maswali ya Wasomaji: Dalali wa mtandaoni na fedha isiyotoka

Barua nyingi zilizotufikia kipindi hiki zinahusu madalali wa uwekezaji wanaofanya kazi kwa njia ya mtandao. Tumechagua nne. Majina ya walioandika tunayo, lakini hatuyachapishi.

SWALI: Mshauri, salaam. Niliunganishwa na dalali wa fedha za kigeni kupitia kundi la Telegram. Nilianza na shilingi 300,000. Baada ya wiki mbili nilitoa dola 40 na zikaingia kwenye simu bila shida, kwa hiyo nikaongeza mtaji hadi shilingi milioni 4. Leo akaunti inaonyesha dola 6,200, lakini nilipoomba kuzitoa, meneja wa akaunti yangu alinitaka nilipe kwanza kodi ya TRA ya asilimia 15 kwa namba ya simu aliyonitumia. Mume wangu anasema ni matapeli. Mimi najiuliza: kama ni matapeli, mbona mara ya kwanza walinilipa? (Msomaji wa Tabata)

JIBU: Dada yangu, usilipe hiyo kodi, wala usitume kiasi kingine chochote kabla hujamaliza kusoma jibu hili.

Zile dola 40 ndizo zilizokushawishi uongeze mtaji, na kwa kazi hiyo zilitosha. Kwa anayeendesha utapeli wa namna hii, malipo madogo ya mwanzo ni gharama ya biashara kama ilivyo kodi ya pango, na kwa kawaida hayatoki mfukoni mwake: hutoka kwenye fedha yako mwenyewe au ya mtu mwingine aliyejiunga baada yako. Kwa hiyo kulipwa mara moja, tena kiasi kidogo, hakuthibitishi chochote. Kipimo ni kutoa kiasi kikubwa, au kutoa chote, bila kutakiwa kuweka kwanza shilingi nyingine. Hapo ndipo dalali wako ameshindwa.

Tuitazame hiyo kodi yenyewe. Asilimia 15 ya dola 6,200 ni dola 930, na anayekudai anasema tayari anazo dola zako 6,200 mkononi. Kwa nini asikate humo na kukupa salio? Ukimuuliza, atakujibu kwamba sheria hairuhusu, au kwamba mfumo umefungwa. Nchini kwetu utaratibu ni kinyume cha hayo anayoyasema: kodi ya zuio kwenye gawio au riba hukatwa na anayelipa kabla fedha haijakufikia, na kwa gawio la kampuni zilizoorodheshwa katika Soko la Hisa la Dar es Salaam kiwango chake ni asilimia 5. Pale mtu anapotakiwa kuilipa TRA moja kwa moja, hupewa kumbukumbu namba ya malipo, na fedha huingia serikalini kwa namba hiyo. Haitumwi kwenye laini ya simu ya mtu binafsi. Wote tunaujua ujumbe wa «ile hela tuma kwenye namba hii», na tunaucheka. Huyu wa kwako ametuma ujumbe uleule, ila ameuvalisha suti. Ukilipa kodi, kesho utaambiwa kuna ada ya uhakiki, kisha faini ya kuchelewa, na madai yataendelea mpaka siku utakapokataa, ambapo namba yako itafungiwa na utaondolewa kwenye kundi.

Kuhusu salio unaloliona, fahamu kwamba tarakimu zile huandikwa na anayemiliki mtambo unaozituma kwenye simu yako. Hata programu ikiwa ni ile inayojulikana na kutumiwa na madalali halali duniani kote, kama MetaTrader, bado salio linalosomeka humo linatoka upande wa dalali. Dalali wa uongo anaweza kukuonyesha grafu inayopanda na faida ya kila siku, hali ya kuwa fedha yako iliondoka siku ileile uliyoituma na haijawahi kununua kitu.

Rudi kwenye jumbe za simu zinazothibitisha miamala yako usome majina ya waliopokea. Nadhani utakuta watu binafsi, na huenda kila mara jina tofauti. Kampuni yenye leseni hupokea fedha ya wateja kwenye akaunti ya benki iliyo kwa jina la kampuni hiyohiyo. Ikiwa uliambiwa utume sarafu za kidijitali kama USDT, ni vibaya zaidi, kwa sababu muamala wa aina hiyo ukishathibitishwa hakuna benki wala mtandao wa simu unaoweza kuurudisha.

Mumeo amesema kweli, na naomba naye asikusimange, kwa kuwa mtego huu haukutengenezwa kwa ajili ya wazembe. Wewe ulianza na kidogo, ukajaribu kutoa, ukaridhika ndipo ukaongeza, kama ambavyo mtu mwangalifu angefanya. Wanaoandaa mtego wanalijua hilo.

SWALI: Nimestaafu mwaka jana na kiinua mgongo changu bado kiko benki. Kijana wa jirani ameniletea kampuni ya uwekezaji ya mtandaoni yenye cheti cha BRELA, namba ya mlipakodi, leseni ya biashara ya manispaa na cheti cha kuandikishwa London. Nyaraka nimeziona kwa macho yangu. Anasema nafasi zinafungwa Ijumaa. Nihitaji nini zaidi? (Mstaafu, Kigamboni)

JIBU: Shikamoo mzee wangu. Nyaraka zote ulizozitaja zinaweza kuwa halali, na kampuni hiyo ikawa bado haina ruhusa ya kupokea hata shilingi moja ya uwekezaji wako.

Cheti cha BRELA kinasema kwamba kampuni imeandikishwa. Namba ya mlipakodi inasema kwamba TRA inaitambua. Leseni ya manispaa inairuhusu kufungua ofisi na kufanya biashara iliyotajwa humo. Hakuna hata kimoja kati ya vitatu hivyo kinachoruhusu kukusanya fedha za watu ili kuwawekezea. Ruhusa hiyo, kwa hisa, hatifungani (hati za kuikopesha serikali au kampuni kwa riba) na mifuko ya uwekezaji wa pamoja, hutolewa na Mamlaka ya Masoko ya Mitaji na Dhamana, CMSA, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1994. Cheti cha London nacho ni cha kuandikishwa kampuni tu. Anayetaka kuwa dalali wa uwekezaji Uingereza anahitaji idhini ya mamlaka nyingine kabisa, FCA, yenye daftari lililo wazi kwa kila mtu. Ukikutana na kampuni inayojivunia kuandikishwa Saint Vincent and the Grenadines, kwenye visiwa vya Karibi, ujue kwamba mamlaka ya fedha ya huko imetangaza yenyewe kwamba haitoi leseni za udalali wa fedha za kigeni.

Namba ya leseni ikitajwa, usiridhike nayo. Wapo wanaochukua jina na namba ya kampuni ya kweli, wakabadilisha anwani ya tovuti kwa herufi moja na kuweka simu zao. Kwa hiyo, mzee wangu, usibonyeze kiungo ulichotumiwa na kijana, na usipige namba iliyo kwenye kipeperushi chake. Itafute CMSA wewe mwenyewe, uliza kama kampuni hiyo ina leseni, uliza leseni hiyo ni ya kazi gani, kisha linganisha simu, barua pepe na tovuti zilizo kwenye kumbukumbu zao na hizo ulizopewa. Zikitofautiana, jibu umelipata.

Kuna tofauti nyingine ambayo ningependa kila mstaafu aijue. Ukinunua hisa kupitia dalali mwenye leseni wa Soko la Hisa la Dar es Salaam, soko ambalo lilianza biashara mwaka 1998, hisa zile haziandikwi kwa jina la dalali. Zinaandikwa kwa jina lako kwenye akaunti yako ya CDS, yaani akaunti ya kielektroniki ya kumbukumbu za hisa zako, ambayo inatunzwa mahali pengine nje ya ofisi yake. Dalali akifunga ofisi usiku wa leo, hisa zako kesho bado zipo. Hatifungani za serikali nazo, ambazo Benki Kuu huziuza kwa mnada na mtu wa kawaida anaweza kuanza na shilingi milioni 1, huandikwa vivyo hivyo kwa jina la mwenye nazo. Muulize kijana swali moja: mali nitakayonunua itaandikwa kwa jina la nani, na nani mwingine, asiye kampuni yenu, anaweza kunithibitishia kwamba ipo? Kama jibu ni kwamba kila kitu kitaonekana ndani ya programu yao, huna unachonunua.

Sisemi kijana ni mwizi. Huenda analipwa kamisheni kwa kila anayemleta na anaamini anachokisema. Wasomaji wa rika lako wanaikumbuka DECI, ambayo serikali iliisimamisha mwaka 2009 na viongozi wake wakapatikana na hatia mwaka 2013 kwa kuendesha upatu, yaani mchezo ambao wa mwanzo hulipwa kwa fedha za wanaojiunga baadaye. Wengi waliopanda «mbegu» zao kule, kama zilivyoitwa fedha walizoweka, walipelekwa na ndugu, majirani na waumini wenzao waliokuwa na nia njema. Na hiyo Ijumaa waachie wenyewe. Mnada wa hatifungani ukikupita, mwingine utatangazwa.

SWALI: Je, biashara yote ya forex ni utapeli? Nimeona tangazo la roboti inayofanya biashara yenyewe na kulipa asilimia 5 kwa wiki. (Mwanafunzi wa chuo, Ubungo)

JIBU: Hapana, si yote. Soko la fedha za kigeni lipo, na duniani wapo madalali wenye leseni. Lakini hata kwa hao, mteja mdogo hupoteza mara nyingi zaidi kuliko anavyopata. Mwaka 2018 mamlaka ya masoko ya Ulaya, ESMA, ilieleza kwamba kati ya asilimia 74 na 89 ya akaunti za wateja wadogo waliofanya biashara ya mikataba ya tofauti ya bei (mteja hubashiri bei, ikiwemo ya fedha za kigeni, itapanda au itashuka, bila kununua kitu chenyewe) walipoteza fedha, na tangu hapo madalali wa huko wanalazimika kuandika kwenye matangazo yao ni asilimia ngapi ya wateja wao wanaopoteza. Linganisha na tangazo uliloliona. Dalali asiyetaja hasara mahali popote amekwisha kukueleza jinsi alivyo.

Sasa chukua kalamu. Asilimia 5 kwa wiki, faida ikiachwa ijizalishe, huigeuza shilingi milioni 1 kuwa zaidi ya milioni 12 kwa mwaka mmoja, karibu milioni 160 kwa miaka miwili, na zaidi ya bilioni 2 kwa mitatu. Mwenye roboti ya namna hiyo angekopa benki hata kwa riba ya asilimia 20 kwa mwaka na bado angetajirika. Asingekuwa na haja ya kulipia matangazo ili apate laki mbili za mwanafunzi. Hatifungani ndefu za serikali yetu zimekuwa zikitoa, kwa miaka ya karibuni, riba iliyo kati ya asilimia 12 na 16, nayo ni kwa mwaka mzima.

Roboti za aina hii zina historia. Mirror Trading International ya Afrika Kusini iliwaambia watu kwamba programu yake inawafanyia biashara ya forex na kuwapatia hadi asilimia 10 kwa mwezi. Mwezi Agosti 2020 mamlaka ya nchi hiyo iliwaonya wananchi, na ilipofika mwisho wa mwaka huohuo watu walishindwa kutoa fedha na mwanzilishi alikuwa amekwenda Brazili. Katika shauri lililofunguliwa Marekani mwaka 2022 ilielezwa kwamba ilikusanya bitcoin zisizopungua 29,421, zenye thamani ya zaidi ya dola bilioni 1.7, na kwamba ile programu ya faida haikuwepo. Hao waliahidi asilimia 10 kwa mwezi, nawe umeahidiwa nusu yake kila wiki.

Ukitaka kujifunza, tumia akaunti ya majaribio isiyo na fedha halisi. Ada ya chuo usiiguse.

SWALI: Nilishatapeliwa shilingi milioni 2 na dalali wa mtandaoni. Sasa mtu anayejiita wakili wa kimataifa amenipigia akisema fedha zangu zimepatikana, ila nilipie gharama za kuzifungua. Nimtumie? (Msomaji wa Mbezi)

JIBU: Usimtumie. Jiulize alijuaje kwamba ulitapeliwa na ni kiasi gani. Orodha za waliokwisha kutapeliwa huuzwa na kununuliwa, na mara nyingine anayepiga ni yuleyule wa mwanzo kwa sauti nyingine.

Kusanya jumbe za miamala, namba za simu, picha za mazungumzo na anwani ya tovuti, usifute kitu, kisha uende kituo cha polisi ufungue jalada, ukitaja kwamba ni kosa la mtandao, kwani Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inalihusu. Ikiwa fedha ilitumwa karibuni, kabla hata ya kwenda polisi pigia huduma kwa wateja ya mtandao wako wa simu au benki yako, maana fedha ikiwa bado haijatolewa upande wa pili kuna uwezekano wa kuizuia; kwa milioni 2 za miezi mingi iliyopita, sitakudanganya, uwezekano huo ni mdogo sana. Ujumbe wa kitapeli unaweza kuupeleka kwa namba 15040 ya TCRA, mamlaka ya mawasiliano.

Kama dalali yule alikuwekesha AnyDesk au programu nyingine ya kuiona simu yako kutoka mbali, iondoe, kisha ubadilishe namba zote za siri. Na kama ulimtumia picha ya kitambulisho chako cha NIDA, piga *106# uangalie namba zilizosajiliwa kwa kitambulisho hicho. Ukikuta usiyoitambua, nenda nayo kwenye duka la mtandao husika wakaifute.